Misingi ya Mifumo Endeshi Iliyosambazwa na Nafasi Yake katika Huduma za Umma: Mfano wa Juba, Sudan Kusini

Ikisiri

Mfumo endeshi uliosambazwa ni programu inayoziwezesha kompyuta nyingi, zilizounganishwa kwa mtandao pekee, kumhudumia mtumiaji kana kwamba ni kompyuta moja. Makala haya yanaeleza misingi mitano ya mifumo ya aina hii: mawasiliano kwa ujumbe, mpangilio wa matukio, nakala za data, muafaka na usitiri. Kila msingi unafafanuliwa kwa kuzingatia hali ya Juba, mji ambao kwa miaka mingi ulitegemea setilaiti, ambao taasisi zake nyingi huendeshwa kwa jenereta, na ambao saa zake zilirudishwa nyuma mwaka 2021. Hoja kuu ni kwamba swali la mfumo ufanye nini mawasiliano yanapokatika ni la kisera kabla ya kuwa la kiufundi. Taasisi isiyolijibu yenyewe huwa imelijibiwa na mtengenezaji wa programu. Makala yanahitimishwa kwa maswali ambayo mshauri wa sera anapaswa kuyauliza kabla mkataba wa mfumo wa umma haujatiwa saini.

Maneno makuu: mfumo endeshi, mtandao, nakala, akidi, ulinganifu, Sudan Kusini

1. Utangulizi

Sudan Kusini ilipata uhuru tarehe 9 Julai 2011 na ikajiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2016. Utawala wake una majimbo 10 na maeneo 3 ya kiutawala. Wizara zote ziko Juba, ilhali wananchi wanaohudumiwa wametawanyika kuanzia Renk, karibu na mpaka wa Sudan, hadi Nimule, kwenye mpaka wa Uganda. Msimu wa mvua hufunga barabara nyingi, na katika maeneo kama Bentiu mafuriko yamefanya maji kuwa sehemu ya mandhari ya kudumu.

Katika mazingira hayo, mpango unaopendekezwa mara nyingi kwa mfumo mpya wa umma ni rahisi kuueleza: seva inunuliwe, iwekwe makao makuu, na ofisi zote za majimbo ziunganishwe nayo. Mpango huu una mvuto wa kiutawala kwa kuwa data yote hukaa mahali pamoja chini ya mamlaka moja. Hata hivyo, umejengwa juu ya dhana isiyosemwa, yaani kwamba mtandao utakuwapo kila unapohitajika. Dhana hiyo ikianguka, kliniki iliyo mbali haisajili mgonjwa, afisa wa forodha hakagui hati, na mlipaji wa mishahara hajui kama malipo ya jana yalipita.

Taaluma ya mifumo iliyosambazwa imeshughulikia tatizo hili kwa zaidi ya miongo minne. Matokeo yake yanajulikana vyema miongoni mwa wahandisi, lakini ni nadra kuwafikia waandaaji wa sera, na nadra zaidi kuwafikia kwa Kiswahili. Makala haya yanakusudia kuziba pengo hilo.

2. Dhana na historia kwa ufupi

Mfumo endeshi wa kawaida hufanya kazi kuu mbili. Kwanza, hugawa rasilimali za kompyuta, yaani kichakataji, kumbukumbu, diski na vifaa vingine, kwa programu zinazozihitaji. Pili, huficha ugumu wa vifaa hivyo: anayehifadhi faili hahitaji kujua faili hilo limeandikwa sehemu gani ya diski. Kazi hizi zinawezekana kwa urahisi kwa sababu kiini cha mfumo kinaona kila kitu. Kuna kumbukumbu moja, saa moja, na ikiwa umeme umekatika, kila kitu kimezimika kwa pamoja.

Mfumo endeshi uliosambazwa hulenga kufanya kazi zilezile mbili juu ya kompyuta nyingi zisizo na kumbukumbu ya pamoja. Kila kompyuta, inayoitwa nodi, inajua mambo yake yenyewe na yale tu iliyoambiwa na nyingine kwa ujumbe. Hapa ndipo tofauti ya msingi ilipo. Ujumbe unaweza kuchelewa au kupotea. Nodi moja inaweza kuzimika huku nyingine zikiendelea, na zile zinazoendelea haziwezi kujua kwa hakika kama mwenzao amezimika au yu hai lakini hasikiki.

Mifumo ya utafiti iliyojengwa juu ya wazo hili ilishamiri katika miaka ya 1980: LOCUS katika Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, Amoeba katika Vrije Universiteit, Amsterdam, chini ya Andrew Tanenbaum, V katika Chuo Kikuu cha Stanford, Mach katika Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon, na Sprite katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley. Ni michache iliyotumika nje ya maabara kwa sura yake kamili. Kompyuta binafsi zilishuka bei, na watumiaji hawakutaka kuacha programu walizozizoea. Hata hivyo, mawazo yake hayakufa, bali yalihamia katika tabaka lililo juu ya mfumo endeshi wa kila mashine. Vituo vikubwa vya data vya leo, vinavyosimamiwa kwa programu kama Kubernetes, hugawa kazi kwa maelfu ya mashine kwa kanuni zilizochunguzwa wakati huo. Kwa hiyo, ofisi ya Juba inayokodi huduma ya kompyuta kutoka nje tayari inatumia mfumo uliosambazwa, ijapokuwa haukuitwa hivyo katika mkataba.

3. Msingi wa kwanza: mawasiliano kwa ujumbe

Nodi huwasiliana kwa kutumiana ujumbe, na ujumbe huchukua muda. Kikomo cha chini cha muda huo huwekwa na fizikia. Kabla ya mkongo wa faiba kufika, Juba ilitegemea zaidi setilaiti zilizo kwenye obiti ya kimo cha kilomita 35,786. Swali linalotoka Juba hupanda hadi kwenye setilaiti na kushuka kwenye kituo cha ardhini, na jibu hurudi kwa njia ileile. Jumla ya safari ni takriban kilomita 143,000, sawa na karibu nusu sekunde hata kama kila kifaa njiani kingefanya kazi bila kuchelewa. Kufikia 2020 mkongo wa kampuni ya Liquid Telecom ulikuwa umeiunganisha Juba na Uganda kupitia Nimule, na kupitia Uganda na Kenya hadi kwenye nyaya za baharini. Mwanga hupita ndani ya kioo kwa takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Hata njia ya kwenda Mombasa ikikadiriwa kuwa na urefu wa kilomita 2,000, safari ya kwenda na kurudi ni sehemu mbili za mia za sekunde.

Tofauti hiyo huongezeka kulingana na muundo wa programu. Fomu inayoulizana na seva mara 20, swali moja baada ya jingine, huchukua chini ya nusu sekunde kwa njia ya faiba, lakini karibu sekunde 10 kwa setilaiti ya obiti ya juu. Programu iliyojaribiwa katika ofisi ya Nairobi ikaonekana kuwa nyepesi inaweza kuwa haitumiki kabisa katika kaunti inayotegemea setilaiti. Kosa halimo katika kompyuta wala kwa mtumiaji, bali katika idadi ya maswali.

Tatizo gumu zaidi kuliko ucheleweshaji ni ukimya. Tangu kazi ya Andrew Birrell na Bruce Nelson ya mwaka 1984, imekuwa kawaida kuiita huduma iliyo kwenye mashine ya mbali kana kwamba ni sehemu ya programu ya hapa. Wito wa ndani hufaulu au hushindwa. Wito wa mbali una hali ya tatu: jibu halikuja. Huduma za fedha kwa simu, kama m-Gurush iliyoanza Sudan Kusini mwaka 2019, hukutana na hali hii kila siku. Mteja ametuma malipo, mtandao umekatika, na simu haijaonyesha kitu. Huenda ombi halikufika. Huenda lilifika, fedha zikakatwa, na kilichopotea ni jibu. Akituma tena katika hali ya pili, atalipa mara mbili. Asipotuma tena katika hali ya kwanza, hatakuwa amelipa.

Suluhisho linalokubalika ni kila ombi kupewa namba ya muamala na upande wa mtumaji, na seva kukumbuka namba ilizokwisha kuzitekeleza. Ombi likija mara ya pili kwa namba ileile, seva hurudisha jibu la awali bila kukata fedha tena. Kurudia kunakuwa salama. Kanuni hii ni ndogo, lakini kutokuwapo kwake ndiko kunakozalisha foleni za malalamiko kwenye madawati ya huduma kwa wateja, na haiwezi kuongezwa kwa urahisi baada ya mfumo kujengwa.

4. Msingi wa pili: saa na mpangilio wa matukio

Katika kompyuta moja, swali la tukio gani lilitangulia jingine lina jibu moja. Katika kompyuta nyingi, kila moja ina saa yake, na saa hizo hazilingani. Sudan Kusini inatoa mfano wa wazi kuliko nchi nyingi. Hadi mwisho wa Januari 2021 nchi ilifuata saa za Afrika Mashariki, yaani saa tatu mbele ya saa za dunia. Ilipofika saa sita usiku wa kuamkia tarehe 1 Februari 2021, saa zilirudishwa nyuma hadi saa tano usiku, na nchi ikawa saa mbili mbele ya saa za dunia. Toleo la hifadhidata ya kimataifa ya majira lililobeba mabadiliko hayo lilitolewa tarehe 24 Januari 2021, siku nane tu kabla. Kompyuta na simu ambazo hazikupata sasisho hilo kwa wakati zilibaki na saa ya zamani.

Usiku huo, kipindi cha kati ya saa tano na saa sita kilitokea mara mbili. Chukulia mteja aliyeweka fedha saa 5:50 usiku katika kipindi cha kwanza, kisha akatoa sehemu ya fedha hizo dakika 20 baadaye, saa 5:10 usiku katika kipindi cha pili. Daftari linalopanga miamala kwa saa ya ukutani litaonyesha kwamba alitoa kabla ya kuweka. Mkaguzi atakuta akaunti iliyoingia deni bila idhini, na mtu asiye na kosa atatakiwa kujieleza. Daftari linaloandika saa za dunia litaonyesha 20:50 na 21:10, na hakutakuwa na swali. Hali inayofanana hujitokeza kila siku mpakani: lori linaloondoka Elegu, upande wa Uganda, saa 4:00 asubuhi na kutumia nusu saa kuvuka, huingia Nimule saa 3:30 asubuhi.

Kanuni ya kwanza ya vitendo, basi, ni kuhifadhi muda kwa saa za dunia na kuubadilisha kuwa saa ya mahali pale tu unapoonyeshwa kwa mtumiaji. Lakini hata saa za dunia hazitoshi, kwa kuwa saa za kompyuta huteleza, na kompyuta isiyopata mtandao kwa wiki kadhaa haina pa kujisahihisha. Leslie Lamport alionyesha mwaka 1978 kwamba mara nyingi kinachohitajika si saa bali utaratibu. Kila nodi huweka kihesabio na kukiongeza kwa kila tukio. Kila ujumbe hubeba thamani ya kihesabio cha mtumaji, na mpokeaji, akikuta thamani hiyo ni kubwa kuliko yake, huipandisha yake ipite hiyo. Kwa mfano, ofisi ya Wau ikiwa kwenye 12 na kutuma ujumbe Juba iliyo kwenye 7, tukio la kupokea litaandikwa 13. Kwa njia hiyo sababu hubeba namba ndogo kuliko matokeo yake daima, hata kama saa za ofisi zote mbili zimekosea. Inafaa kukumbuka kwamba kinyume chake si kweli: namba ndogo peke yake haithibitishi kwamba tukio moja lilisababisha jingine.

5. Msingi wa tatu: nakala na mgawanyiko wa mtandao

Kuweka nakala za data mahali pengi kuna faida mbili: nakala moja ikipotea nyingine ipo, na mtumiaji husoma iliyo karibu naye. Gharama yake ni swali la ulinganifu, yaani nakala zote zisemeje jambo moja wakati zinabadilishwa katika sehemu tofauti.

Eric Brewer alitoa dai mwaka 2000, likathibitishwa kihisabati na Seth Gilbert na Nancy Lynch mwaka 2002, kwamba mtandao unapogawanyika katika pande zisizosikizana, mfumo hauwezi kuhifadhi ulinganifu kamili na wakati huohuo kuendelea kujibu kila ombi. Nodi iliyotengwa ina njia mbili tu. Inaweza kukataa kufanya kazi hadi mawasiliano yarudi, na hapo inalinda ulinganifu. Au inaweza kuendelea kwa taarifa ilizonazo, na hapo inalinda upatikanaji kwa hatari ya kupingana na wenzake. Hakuna bajeti inayonunua njia ya tatu.

Mgawanyiko si jambo la kinadharia. Tarehe 12 Mei 2024, nyaya za baharini za EASSy na Seacom zilikatika katika eneo la kati ya Msumbiji na Afrika Kusini, na intaneti ikadorora katika nchi kadhaa za Afrika Mashariki. Katika tukio la aina hiyo, kompyuta mbili zilizo katika mji mmoja hupoteana ikiwa njia inayoziunganisha inapitia seva iliyo bara jingine. Hata mfumo mashuhuri wa M-Pesa, ulioanzishwa Kenya mwaka 2007, uliendeshwa kwa seva zilizokuwa Ujerumani hadi zilipohamishiwa Kenya mwaka 2015.

Kwa kuwa uchaguzi hauepukiki, swali la kisera ni huduma ipi iende upande upi. Taarifa za magonjwa ni mfano wa kwanza. Tarehe 28 Oktoba 2024 Wizara ya Afya ya Sudan Kusini ilitangaza mlipuko wa kipindupindu katika kaunti ya Renk. Katika hali hiyo, taarifa pungufu inayofika leo ina thamani kuliko taarifa kamili ya wiki ijayo, na kliniki isiyoweza kuandika mgonjwa kwa sababu Juba haipatikani imenyimwa chombo chake wakati wa haja. Upatikanaji ndio unaostahili kutangulizwa. Programu ya simu ya DHIS2, mfumo ulioasisiwa katika Chuo Kikuu cha Oslo na unaotumika katika sekta ya afya nchini, huruhusu taarifa kuandikwa bila mtandao na kupelekwa baadaye. Kifurushi cha tahadhari ya magonjwa cha Shirika la Afya Duniani kilichotumika Sudan Kusini huenda mbali zaidi, kwa kuwa hubeba simu, kompyuta, seva ndogo ya mahali na vifaa vya umeme wa jua.

Mishahara ni mfano wa kinyume. Ikiwa ofisi mbili zisizosikizana zinaweza kuidhinisha malipo ya mtumishi mmoja, baadhi ya watumishi watalipwa mara mbili, na hakuna ripoti ya baadaye itakayozirudisha fedha hizo kwa urahisi. Hapa kusubiri ni nafuu kuliko kukosea. Hali ni hiyohiyo kwa hati za ardhi, ambapo kiwanja kimoja kilichosajiliwa kwa watu wawili huzaa ugomvi unaoweza kurithiwa.

Kati ya mifano hiyo miwili kuna mbinu mbili zinazopunguza ukali wa uchaguzi. Ya kwanza ni kugawa mamlaka juu ya data. Ripoti ya kituo cha afya kwa wiki fulani ina mwenyewe mmoja, nacho ni kituo hicho. Ikiwa hakuna mwingine anayeruhusiwa kuibadilisha, nakala haziwezi kupingana hata zikikaa mwezi mzima bila kuonana, na makao makuu hujumlisha zilizofika. Ya pili inafanana na utaratibu ambao watumishi wa serikali wanaufahamu tangu zamani, yaani masurufu. Afisa aliyepewa masurufu hulipa bila kuuliza makao makuu hadi kiwango chake kiishe, kisha hurejesha hesabu. Vivyo hivyo, nodi inaweza kutengewa sehemu ya salio ambayo hakuna nodi nyingine itakayoigusa. Jumla ya mafungu haizidi kilichopo, kwa hiyo kila nodi huamua peke yake na bado hakuna senti inayotumika mara mbili.

6. Msingi wa nne: muafaka na akidi

Huduma iliyochagua ulinganifu huhitaji nodi zake zikubaliane juu ya uamuzi mmoja. Michael Fischer, Nancy Lynch na Michael Paterson walithibitisha mwaka 1985 kwamba, ikiwa ujumbe unaweza kuchelewa bila kikomo na hata nodi moja tu inaweza kufa, hakuna utaratibu usiobahatisha unaoweza kuhakikisha muafaka utafikiwa daima. Mifumo ya vitendo, kama Paxos ya Lamport na Raft ya Diego Ongaro na John Ousterhout iliyochapishwa mwaka 2014, hukubali ukweli huo kwa namna maalumu: haifikii kamwe maamuzi mawili yanayopingana, lakini inaweza kusimama kwa muda hadi mtandao utulie.

Kiini cha mifumo hiyo ni akidi, neno linalotumika pia bungeni. Uamuzi ni halali ukiungwa mkono na zaidi ya nusu ya nodi zote, si zaidi ya nusu ya zilizohudhuria. Kwa kuwa makundi mawili ya wengi lazima yawe na angalau mjumbe mmoja wa pamoja, haiwezekani pande mbili zilizotengana kuamua mambo mawili tofauti. Hesabu yake inastahili kufahamika na kila anayeidhinisha ununuzi. Nodi 3 huvumilia kufa kwa nodi 1, na nodi 5 huvumilia kufa kwa nodi 2. Nodi 2 hazivumilii kifo chochote, kwani iliyobaki si zaidi ya nusu. Nodi 4 huvumilia kifo kimoja tu, sawa na nodi 3, kwa gharama kubwa zaidi.

Idadi hiyo ina maana pale tu nodi zinapokufa kila moja kwa sababu yake. Katika Juba sharti hili ni gumu. Ingawa mtambo wa umeme unaotumia mafuta ulizinduliwa mwaka 2019, taasisi nyingi bado zina jenereta za dizeli, na dizeli huingia kwa malori. Seva tatu katika chumba kimoja, kwenye jenereta moja na waya mmoja wa intaneti, kwa hesabu ya hatari ni nodi moja iliyonunuliwa mara tatu.

Mpangilio unaofaa zaidi ni kuwa na seva mbili katika majengo mawili ya Juba yenye vyanzo tofauti vya umeme, na ya tatu nje ya mji. Hapo huibuka hoja ya mamlaka ya taifa juu ya data za wananchi, ambayo ni hoja halali. Taaluma ina jibu lake: nodi ya tatu inaweza kuwa shahidi. Shahidi hupiga kura na kuhifadhi kumbukumbu ya namba za maamuzi, lakini hahifadhi data yenyewe. Akiwekwa Kampala au Nairobi, mkongo ukikatika, seva mbili za Juba bado zina akidi na huendelea. Seva moja ya Juba ikizimika, iliyobaki pamoja na shahidi zina akidi. Ni pale tu mambo mawili yanapotokea kwa pamoja ndipo huduma husimama, na hata hapo husimama bila kuharibu kumbukumbu.

7. Msingi wa tano: usitiri na mipaka yake

Lengo la mwisho la mfumo endeshi uliosambazwa ni kumsitiri mtumiaji asione mgawanyiko: asijue faili liko mashine gani, lina nakala ngapi, wala limehamishwa lini. Katika maandishi ya Kiswahili dhana hii wakati mwingine huitwa uwazi, kwa kufuata neno la Kiingereza. Tafsiri hiyo hupotosha, hasa kwa wasomaji wa sera, ambao kwao uwazi ni kuonyesha mambo, ilhali hapa kinachozungumzwa ni kuyaficha. Makala haya yanatumia neno usitiri.

Mfano ulioenea zaidi wa usitiri ni mfumo wa majina ya intaneti. Mtumiaji huandika jina, na mfumo hutafuta anwani kwa kuuliza seva za ngazi mbalimbali, kila ngazi ikiwa na mamlaka juu ya sehemu yake, huku majibu yakihifadhiwa kwa muda karibu na muulizaji. Mfumo huo umesambazwa kiutendaji, lakini kilele chake kinahitaji kibali cha pamoja. Sudan Kusini ilipata uhuru mwaka 2011, lakini bodi ya ICANN iliidhinisha kikoa cha .ss Januari 2019, chini ya usimamizi wa Mamlaka ya Taifa ya Mawasiliano. Mfumo unaweza kuwa na nodi nyingi mno na bado ukawa na lango moja.

Usitiri ukizidi huwa hatari. Mtumishi anayeona orodha kwenye skrini bila kujua kwamba ni ya juzi ataamua kwa kujiamini kusikostahili. Mfumo mwema katika mazingira ya mtandao dhaifu humsitiri mtumiaji dhidi ya mambo asiyohitaji kuyajua, lakini humwonyesha mambo mawili: taarifa hii ni ya lini, na kazi yako ya leo imefika makao makuu au bado inasubiri.

8. Maana kwa sera

Kutokana na misingi hiyo, maswali yafuatayo yanafaa kuingizwa katika hati za zabuni za mifumo ya umma, na majibu yake yathibitishwe kwa majaribio kabla ya malipo ya mwisho.

(a) Waya wa mtandao ukichomolewa, ni kazi zipi zinaendelea na zipi zinasimama? Jibu litolewe kwa kila huduma peke yake, na liidhinishwe na wizara husika badala ya mkandarasi.

(b) Ombi likitumwa mara mbili, je, litatekelezwa mara moja?

(c) Muda unahifadhiwa kwa saa za dunia? Kompyuta iliyokaa mwezi mmoja bila mtandao inapangaje matukio yake?

(d) Kila aina ya data ina mwenyewe mmoja? Ikiwa wapo wawili, mgongano utaamuliwa kwa kanuni gani, na nani atajulishwa?

(e) Nodi ni ngapi, na ni vitu gani zinavitumia kwa pamoja: jengo, jenereta, waya, fundi?

(f) Mfumo umejaribiwa kwa ucheleweshaji wa setilaiti, au kwa mtandao wa ofisi ya mkandarasi pekee?

Maswali haya hayahitaji bajeti ya ziada. Yanahitaji mtu mwenye mamlaka ayaulize mapema, kwa kuwa gharama ya kubadilisha jibu baada ya mfumo kujengwa hukaribia gharama ya kuujenga upya.

9. Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba misingi ya mifumo endeshi iliyosambazwa inahusu maswali ambayo utawala wowote unayajua: nani ana mamlaka juu ya taarifa ipi, nini kifanyike mkubwa asipopatikana, na uamuzi unahitaji wajumbe wangapi ili uwe halali. Katika miji yenye umeme na mtandao wa kutegemeka, majibu mabaya ya maswali hayo yanaweza kufichika kwa miaka. Juba haiwafichii wabunifu makosa yao. Mvua moja kubwa au siku chache za ukosefu wa dizeli hutosha kuyadhihirisha. Kwa sababu hiyo, uzoefu wa Sudan Kusini una thamani kwa Jumuiya nzima ya Afrika Mashariki, ambayo kaunti, wilaya na visiwa vyake vingi vina hali inayokaribia ya Renk kuliko ya jiji kuu. Mfumo unaofanya kazi Renk utafanya kazi Nairobi, lakini unaofanya kazi Nairobi hauna dhamana hiyo huko Renk.